Talaka ya Tatu

Mke wangu alinipa talaka ya kwanza jikoni, Jumapili asubuhi, mwiko mkononi na kitenge cha kanisani kiunoni. Ugomvi ulikuwa juu ya ugali. Alisema nimeupika teketeke kama uji wa mgonjwa, nami nikamjibu kwamba kama anautaka wa kwao basi arudi kwao. Mwiko ukanipata shavuni, ugali wa moto ukaniganda hapo hapo. Kisha akasema, kwa Kiswahili chake cha Lubumbashi, "Mi nakuacha. Talaka moja. Njo vile munafanyaka kwenu, hapana?"

Ndivyo tunavyofanya kwetu, na mimi ndiye niliyemfundisha. Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole.

Kwetu ni Tanga. Nilikuja Johannesburg nikiwa na miaka ishirini na minane, nikafungua duka la kushona Yeoville, chumba kimoja cha chini katika ghorofa la zamani. Ukuta wa pili kulikuwa na saluni ya Mkenya mmoja, mwanamke ambaye sijaona mdomo wa kuulinganisha na wake. Mwanamke niliyekuja kumwoa alikuwa mlinzi kwenye maduka ya Randburg. Aliingia dukani na suruali ya sare, anataka nimpunguzie kiuno. Nilipopiga magoti kumpima, alisimama wima bila kupumua, na mimi mwenye pini sita mdomoni nikajua kwamba nimekwisha. Miezi mitano baadaye tulikuwa tumeoana.

Haraka, ndiyo. Sote tulioana haraka. Nchi hii inawaruhusu wanawake wawili kwenda ofisini mchana kweupe, na karani akagonga muhuri bila kuinua nyusi. Mtu aliyetoka mahali ambapo angefukuzwa na mama yake mzazi, ukimpa ruhusa hiyo hasubiri kujua mwenzake anakasirikaje. Tulikuwa jozi nne tuliojuana, wote wazungumzaji wa Kiswahili cha namna yetu, na kila harusi iliita nyingine. Tulipiga picha, tukalia, tukala pilau. Hakuna aliyeuliza swali lolote la maana.

Kwangu mimi muhuri haukutosha. Nilitaka ndoa niliyokua nikiiona, yenye mahari na tamko. Basi akanitafutia mahari: cherehani ya mkono, nyeusi, nzito, aliyoibeba begani kutoka mjini hadi kwetu ghorofa ya tatu, juu ya duka. Tulisimama jikoni, yeye akasema yanayompasa mume kusema, mimi nikasema nimekubali. Shehe yeyote angecheka kwanza, kisha angenilaani. Najua. Sheria ile haikututambua sisi. Mimi ndiye niliyeitambua, nikaikaribisha ndani na kuipa kiti.

Tena nikaifafanua. Siku zile za mwanzo, tumelala mchana, aliniuliza kwetu watu wanaachanaje. Nikamweleza kama somo yangu alivyonieleza mimi nilipofundwa. Mume ana talaka tatu. Akitoa ya kwanza au ya pili, mke anakaa eda miezi mitatu, na anaikaa humo humo nyumbani kwa mume. Ndani ya miezi hiyo mume akitaka kumrejea anamrejea kwa neno tu, mke apende asipende. Ya tatu ikitoka, imetoka, hakuna kurudi.

"Na bibi," aliuliza, maana kwao mke ndiye bibi, "yeye anasemaka nini?"

"Hasemi kitu," nikamwambia. "Anasikia."

Tulicheka sana siku ile.

Talaka ya kwanza aliirudisha baada ya siku mbili. Alikuja dukani na mkate na parachichi, akasema mbele ya wateja, "Sheri, nakurudisha," sheri kwao ni mpenzi, nami nikatabasamu kama kichaa, jeraha la shavu bado bichi. Nilidhani yamekwisha. Kumbe alikuwa ameonja kitu na kukipenda. Toka hapo alinipiga kila alipokuwa na shida kazini. Meneja akimfokea Randburg, mimi ndiye niliyejibu Yeoville. Alikuwa amefunzwa kupiga, anajua mahali pasipoacha alama: chini ya mbavu, nyuma ya paja, kisogoni penye nywele. Nami sikuwa malaika. Nilimng'ata. Nilimwagia chai. Siku moja nilimpiga kofi usingizini kwa sababu tu nilikuwa nimeamka kabla yake na nikakumbuka ya jana. Nilikuwa namwogopa na namtaka, na sikujua aibu ipi ni kubwa.

Talaka ya pili ilikuja na jino. Nilikuwa nimezungumza kwa muda mrefu na mteja mmoja, binti wa Kizulu aliyetaka gauni la mahafali, na mke wangu alitoka kazini mapema akatukuta tunacheka. Alingoja tufike nyumbani. Alifunga mlango, akavua viatu vya kazi, akaviweka sawasawa pembeni, halafu akanipiga kwa ngumi mara moja tu. Jino nililikuta kwenye ulimi. "Talaka mbili," akasema. Alikuwa anahema. "Sasa kaa yako ya miezi tatu."

Na nikakaa.

Hapo ndipo watu wanaponiona mjinga, na wana haki. Ningeweza kuondoka. Mlango ulikuwa na ufunguo, ufunguo ulikuwa wangu. Lakini somo yangu, Mungu amrehemu, aliniambia mwanamke akitoka nyumbani ndani ya eda ametupa haki yake na heshima ya waliomzaa, na mimi niliyekuwa nimeshatupa mengine yote niliyofunzwa, nililishikilia hilo moja kwa meno yaliyobaki. Nilihamishia godoro sebuleni. Niliweka alama za chaki nyuma ya kabati, kila siku moja. Ikipita miezi mitatu bila kunirejea, nilijiambia, nitatoka na kichwa juu, mwanamke aliyeachwa kwa utaratibu, si mtoro.

Mkenya wa saluni alipopata habari alikuwa anasuka nywele za mtu, akaacha mikono hewani.

"Eda? Ati eda? Si eda ni ya kujua kama tumbo liko na kitu? Aki dada, niambie, huyo mlinzi wako amekutia nini?"

Mteja wake alicheka mpaka kitana kikamchomoka nyweleni. Mimi nilicheka pia, kwa upande mmoja wa mdomo, kisha nikarudi ghorofani kukaa eda yangu.

Ilikuwa miezi mitatu ya kupigwa sebuleni badala ya chumbani. Akitaka nirudi kitandani nikikataa, alinivuta pamoja na godoro. Nikimwambia bado nipo edani, alisema, "Eda iko yangu, mi ndiye nakupatiaka," na kusema kweli, kwa hesabu zangu mwenyewe, alikuwa sahihi. Aliniwekea goti kifuani nikiwa nasali. Alinifungia nje kwenye ngazi siku nzima nikiwa sina kiatu, majirani wakipita na vikapu vyao wakinisalimu kwa adabu. Sikumchukia siku hizo kama nilivyopaswa. Nilichukia chaki kwa kwenda polepole.

Katikati ya hayo tulialikwa chakula cha mchana Randburg, kwenye fleti ya wakubwa wetu, wale wawili waliokuwa wa kwanza kuoana katika jozi zetu nne. Mmoja alikuwa Mrundi, mtu wa heshima, sauti yake haipandi. Nilimvuta barazani nikamwonyesha mbavu. Alizitazama, akashusha blauzi yangu taratibu kama anamfunika mtoto.

"Vumilia, mdogo wangu," akasema. "Walisema hii yetu si ndoa. Tukianza kuachana, tutakuwa tumewapa neno."

Ukutani nyuma yake kulikuwa na picha ya harusi yao, kubwa kama dirisha. Baadaye sana nilikuja kujua kwamba mke wake alikuwa ameshahamia Diepsloot, ana spaza, kiduka cha mtaani, na anaishi na mtu mwingine, na kwamba alikuja siku ile kwa ajili ya wageni tu, akaondoka tulipoondoka. Talaka zetu tunazificha kuliko watu wengine wanavyoficha ugonjwa. Tuliipata ndoa kwa shida, nani ataenda kusema imemvunja mbavu? Leo katika zile jozi nne hakuna hata moja iliyosimama. Watu wananiuliza kwa nini ndoa za wanawake kwa wanawake zinavunjika hivyo, na mimi huwajibu kwa hasira kwamba zinavunjika kwa sababu ni ndoa. Lakini jibu hilo ni la barazani. La kweli ni kwamba tulikuwa na haya ya kuvunja mapema, tukangoja mpaka kuvunjike mifupa.

Zilipobaki siku mbili za kutia chaki, mke wangu alirudi kutoka kazini, akasogeza kabati kwa mkono mmoja, akazitazama alama zangu. Alikuwa anajua siku zote. Alikuwa anahesabu pamoja nami.

"Nakurudisha," akasema, akaenda kuoga.

Nililia kwa sauti nisiyoijua. Hata yeye alitoka bafuni na sabuni usoni kuona kumetokea nini.

Sasa ilibaki moja. Kuanzia hapo sikutaka kitu kingine duniani ila lile neno la tatu. Nilimchokoza. Nilitukana kanisa lake, nilimwunguzia sare kwa pasi makusudi, nilimwita mwanamume nusu, tusi ninaloliona aibu mpaka leo. Alikunja ngumi, alifungua mdomo, nikaona neno linakuja, nikaona analimeza. Nilimfundisha vizuri mno. Alijua ya tatu haina kurudi, kwa hiyo alikaza midomo na kuacha mikono iseme. Kadiri nilivyolitafuta neno ndivyo nilivyopigwa, na kadiri nilivyopigwa ndivyo nilivyolitafuta. Nilimsikia Mkenya akimwambia mtu kupitia ukutani, "Huyo ataenda kaburini na bado atakuwa anahesabu."

Kuna njia nyingine, nayo nilikumbuka mwishoni: khului. Mke akichoka anarudisha mahari yake na kujivua. Jumamosi moja alasiri, nilikuwa napiga pasi magauni ya wasimamizi wa harusi ya watu, na yeye alikuwa amekaa anakula karanga. Nikaiweka cherehani mbele yake mezani.

"Chukua mahari yako," nikasema. "Najivua."

Aliitazama. Alitafuna karanga zake akazimeza. Kisha akaibeba cherehani kama alivyoibeba siku ile ya kwanza, begani, akatoka nayo barazani, na nikadhani anakwenda kuiweka nje. Akaitupa. Ghorofa ya tatu. Nilisikia kamba za nguo zikikatika, kisha mshindo, kisha mwanamke chini akipiga ukunga, maana ilikuwa imeangukia hatua mbili kutoka alipokuwa anaanika.

Akarudi ndani akipangusa mikono.

"Sasa rudisha," akasema.

Nilikuwa nimeshika pasi. Nasema nilikuwa nimeishika, lakini nisidanganye: nilikuwa nimeiweka mezani, nikaichukua tena. Niliibandika kati ya sikio na shingo yake nikasukuma. Kulikuwa na harufu ya nywele, kisha harufu ya nyama, na alinitazama kwa mshangao, kama mtu aliyeitwa kwa jina na asiyemjua. Nilifurahi. Nataka liandikwe hilo. Hakuna siku katika ndoa yangu niliyofurahi kama nukta ile, na nilipoelewa kwamba ninafurahi nikaachia pasi na kukimbilia mlangoni.

Hakupiga kelele. Alinifikia nikiwa nimeshika kizingiti, akaufunga mlango juu ya mkono wangu wa kulia. Akaufungua. Akaufunga tena, safari hii kwa bega. Nilisikia mlio wa vidole kabla sijausikia uchungu.

Askari wawili walikuja, walioitwa na yule mwanamke wa chini. Sisi tulikuwa tumekaa kwenye ngazi, mmoja juu mmoja chini, yeye na taulo lenye maji shingoni, mimi nimeupakata mkono wangu. Yule mkubwa alitutazama, akakuna kichwa chini ya kofia.

"Eish," akasema. "Sasa mwanamume ni nani hapa?"

Mkenya alikuwa amepanda ngazi na mikono yake imejaa dawa ya nywele. "Ni wewe," akamwambia kwa Kiingereza, "uliyesimama hapo bila kufanya kitu." Akanishika kiwiko akanishusha. Hakuniuliza kama nataka. Kama angeniuliza, ningesema bado niko kwenye ndoa.

Nililala nyuma ya saluni wiki tatu, kati ya makatoni ya rasta. Mkono ulipofungwa plasta, Mkenya alinipeleka mahakamani kuomba amri ya kumzuia mke wangu asinikaribie. Karani alikuwa mama wa makamo mwenye kalamu mbili nyweleni. Aliniuliza uhusiano wangu na mtu ninayemlalamikia. Nikamweleza yote, moja, mbili, kurejewa, chaki, mahari iliyotupwa, na kwamba sasa nimekwama kwa sababu ile ya tatu hataki kuisema na ya kujivua imevunjika uani.

Aliacha kuandika.

"Mama," akasema, "katika kitabu cha hapa hakuna moja wala mbili. Wewe ni mke wake mzima, tangu siku ya muhuri. Na kuachwa huhitaji akuache. Unaomba mwenyewe."

"Mimi?"

"Wewe. Hata leo. Hata mwaka jana."

Nilikaa kwenye benchi la nje nikainamia plasta yangu. Mwaka jana nilikuwa na jino langu. Mkenya alinunua maji akanishikia chupa.

Kesi yenyewe ilikwenda kwa miezi, na siku ya mwisho ilikuwa dakika chache tu. Jaji alikuwa mwanamke mwenye mafua. Aliniuliza kama ndoa imeharibika kiasi cha kutotengenezeka, nikasema ndiyo. Akamwuliza mke wangu kama ana pingamizi, akasema hana. Alikuwa amevaa shati la kola ya juu na bado kovu lilichungulia, jeupe na jekundu, na nikaona mtu mwingine chumbani humo akimtazama yeye kwa huruma na mimi kwa woga, na sikuweza kumlaumu. Jaji akapenga kamasi, akatamka kwamba ndoa imevunjwa.

Ilinibidi nimpite kwenye ujia ili nifike kwenye lifti. Hakunigusa. Alikuwa ameegemea ukuta, mikono mfukoni, amekonda, na alizungumza polepole kama mtu anayeniaga.

"Wamekupatia karatasi," akasema. "Sawa. Lakini ile ya tatu, siwezi kukupatia. Hata nikufe."

Mkenya alimtukana matusi ya kila lugha anayoijua, akanisukuma ndani ya lifti. Karatasi ikaniponyoka.

Hiyo ni miaka miwili sasa. Nimehamia Randburg, nina duka jingine, vidole viwili havikunjiki na nimejifunza kukata kitambaa kwa mkono wa kushoto. Amri ya mahakama iko kabatini pamoja na hukumu ya talaka, ina muhuri, ina sahihi, nimeionyesha kwa kila mtu aliyetaka kuiona. Mke wangu wa zamani hajanitafuta. Nasikia amepata kazi Durban. Mkenya, ambaye hachoki, ameniletea wanawake wa kunitazama kama mtu anayeuza nyumba.

Wa mwezi uliopita alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, mpole, anacheka kwa kuziba mdomo. Tulikula pamoja mchana, tukazungumza mpaka chai ikapoa, na sikumbuki mara ya mwisho nilipojisikia vizuri hivyo mbele ya mtu. Alinyoosha mkono juu ya meza akanishika. Nikauvuta wangu, nikajifunika ushungi, na kabla sijajua ninachosema nikamwambia samahani, mimi ni mke wa mtu.